Muswada wa Kwanza wa Dada

Dada yangu alichaguliwa kuingia Bunge la jimbo katikati ya miaka ya elfu mbili, na tangu siku hiyo Watanzania wa Washington na vitongoji vyake hawakumwita tena kwa jina. Walimwita Mheshimiwa. Wengi wao hawakuwa na haki ya kupiga kura, na wachache waliokuwa nayo waliishi ng'ambo ya mto, Arlington na kwingineko, wasikoweza kumpigia. Hata hivyo siku ya sherehe walijaa sebuleni kwake Temple Hills mpaka wengine wakala pilau wamesimama barazani, na kila mmoja alisema, "Tumeshinda." Pilau hilo nililipika mimi. Nalisema mapema ili ijulikane nilikuwa wapi wakati wenzangu wanashinda.

Walidhani mbunge wa jimbo Marekani ni sawa na mbunge wa kule kwetu. Walitaka awatafutie viza, awaombee watoto wao nafasi za vyuo, awapigie simu watu wa uhamiaji. Bunge lenyewe lilikaa miezi mitatu tu, kuanzia Januari, katika mji mkuu wa jimbo, mwendo usiofika saa moja kwa gari. Miezi iliyobaki dada alivaa sare yake ya uuguzi akarudi hospitalini kusukuma vitanda. Hilo hakuwaambia, na wao hawakuuliza. Alianza kutembea taratibu zaidi na kuacha watu wengine wamfungulie milango.

Mimi nilikuwa nabeba boksi, kama wanavyosema watu wetu wakimaanisha kazi yoyote ya Ulaya au Marekani ambayo hutaisimulia nyumbani. Boksi langu lilikuwa kulea wazee, tena kwa kulala hapo hapo. Unahamia kwa mzee, unalala chumba kinachopakana na chake, unamwogesha, unamlisha, unamgeuza kitandani, na anwani yake inakuwa anwani yako. Miaka kadhaa nilikaa Takoma Park na bibi mmoja wa Kizungu aliyekuwa mwalimu wa piano. Alikuwa mkali, mchoyo wa sukari, na nilimpenda. Wiki chache baada ya sherehe ya dada alikufa, alfajiri, mkono wake ukiwa ndani ya wangu. Nilimfunga kidevu, nikawapigia simu wanawe, nikafua mashuka. Kabla ya saa sita mchana fundi alikuwa mlangoni anabadilisha kitasa, na yule mtoto mkubwa, ambaye nilikuwa nikimwona Krismasi kwa Krismasi, aliniambia wananishukuru sana kwa kila kitu. Vitu vyangu vilikuwa barazani ndani ya mifuko myeusi ya takataka. Mvua ilikuwa ya upepo, ikaingia mpaka kwenye Biblia. Niliita teksi nikaenda kwa dada.

Dada aliiona ile mifuko akakasirika, na hasira yake ilikuwa kitu cha maana, maana haikuishia mdomoni. Akaigeuza muswada, muswada wake wa kwanza. Ulisema jambo moja tu: mtu aliyeishi kwa mgonjwa kwa sababu ya kumlea, mgonjwa akifa, asitolewe ndani ya nyumba kabla ya mwezi mmoja. Nilikwenda mbele ya kamati nimevaa koti la dada nikaeleza habari ya mifuko. Nilifuatana na rafiki yangu Mkenya, mlezi kama mimi, aliyekuwa anaishi kwa bwana mmoja mzee mitaa ile ile ya Takoma Park. Tulikuwa wengi katika jimbo lile, Wakenya, Wakongo, Waghana, Wafilipino, wanawake wenye vitanda ambavyo mtu mwingine akikata roho vinatoweka. Kamati ikaupitisha bila ubishi. Ilibaki kura ya bunge zima, na kila aliyejua mambo ya kule alisema hiyo ni kazi ya dakika tano.

Hapo ndipo dada alipomtumia baba tiketi ya ndege.

Baba yetu alikuwa hakimu mstaafu wa mahakama ya mwanzo, huko Same, na hakuwahi kuvua uhakimu mlangoni. Jumamosi baada ya chai aliketi kwenye meza ya kulia, akasikiliza mashauri yetu sisi watoto: nani kamwaga maziwa, nani kachukua kalamu ya nani. Alisikiliza mpaka mwisho, na mashahidi. Aliyeshindwa alichapwa. Aliyeshindwa kisha akaomba msamaha alichapwa mara mbili, moja ya kosa na nyingine ya kuomba. Kulikuwa na huruma moja tu katika mahakama ile. Mlalamikaji akiona shauri linamwendea kombo aliruhusiwa kusimama na kusema, "Nafuta shauri langu," akatoka bila kuguswa, ila jambo lile halikutajwa tena ndani ya nyumba yetu maisha yote. Dada aliijua njia hiyo kuliko sisi sote. Alikuwa na jicho la kuona kiboko kabla hakijanyanyuka. Mimi nilikuwa mwombaji, na nilichapwa sana.

Baba hakumsifu dada hata siku moja. Alipokuwa muuguzi alisema amesomea kuosha watu. Alipokwenda Marekani alisema amekimbia. Dada alipompigia simu kumwambia amechaguliwa kuwa mbunge, baba aliuliza, "Bunge la nani?" Dada alinisimulia hayo akicheka, lakini alinisimulia mara nyingi mno. Alitaka mzee aje aone kwa macho yake. Na mzee alipofika, na kisukari chake na moyo wake mchovu, nani wa kumlea kama si mimi niliyekuwa tayari nalala besimenti, chini ya nyumba? Hakuna aliyeniuliza. Niliambiwa tu dawa zinakaa kabati lipi.

Sasa kuna desturi moja ya bunge lile ambayo sisi hatukuijua. Mbunge mpya akileta muswada wake wa kwanza, wenzake humtania. Humwuliza maswali ya kipuuzi, humzungusha, kisha Spika akifungua kura wote hubonyeza kitufe cha kukataa. Ukutani mna ubao mkubwa wenye majina yao yote, kila jina na taa yake, kijani kwa ndiyo, nyekundu kwa hapana. Mgeni anainua macho anaona ubao mzima mwekundu. Wanamwacha atokwe jasho kidogo, halafu taa zinaanza kugeuka, moja, nyingine, mpaka ubao wote unakuwa kijani, nao wanasimama kumpigia makofi. Ni alama ya kupendwa. Wasiyempenda humpitishia muswada wake kimya kimya. Kila mkongwe mle ndani alitaniwa hivyo siku zake, na hakuna anayemwonya mgeni, maana utani utaharibika. Hata katibu wa ofisi ya dada alijua, akakaa na siri yake huku anampangia dada karatasi.

Siku ya kura tulikaa juu, kwenye roshani ya wageni, baba katikati, mimi kushoto, Mkenya wangu kulia, na nyuma yetu akina mama wa Kitanzania wamevaa vitenge vyao vya harusi. Spika alimtambulisha baba kuwa ni jaji kutoka Tanzania. Baba hakumsahihisha. Bunge zima lilisimama kumpigia makofi, naye akainamisha kichwa kidogo, kiasi kile kile alichokuwa akiwainamishia makarani.

Dada alisimama akausoma muswada wake vizuri. Kisha akanyanyuka mzee mmoja wa Kizungu, mrefu, mwenye tai ya kipepeo. Aliuliza kama sheria hii itamhusu mama mkwe wake, ambaye alikuja kuwatembelea siku ya harusi na hajaondoka mpaka leo. Bunge likacheka. Dada akamjibu kwa makini kwamba haimhusu, akamwonyesha kifungu. Wakacheka zaidi. Mwingine akauliza kama paka wa marehemu naye anapata mwezi mmoja. Wa tatu akasema kuna neno hakulisikia, mheshimiwa alirudie. Dada akalirudia. Akasema bado, arudie tena, lafudhi yake ni tamu mno. Hilo la tatu sidhani lilikuwa utani wa wote. Mama mmoja Mwamerika mweusi wa mstari wa mbele alishika paji la uso wake akatazama mezani.

"Wanamcheka?" baba aliniuliza.

"Wanauliza maswali, baba."

"Nimekaa mahakamani upande wa juu maisha yangu yote. Swali nalijua."

Mkenya wangu aliniinamia. "Ai, hawa wasee wako serious ama ni nini?"

Spika akafungua kura. Taa ziliwaka karibu zote kwa pamoja, nyekundu toka juu mpaka chini, isipokuwa moja ya kijani ya dada mwenyewe. Baba alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena, kama vile kosa lilikuwa la miwani.

Dada aliutazama ubao. Kisha akainua uso kututazama sisi, na nasema sisi kwa adabu tu, maana mimi hakuniona. Alimtazama baba. Nilikuwa nimeuona uso ule zamani, mezani, Same, na nikajua kabla hajafungua mdomo. Akavuta kipaza sauti, akasema kwa sauti tulivu kabisa kwamba anamwomba Mheshimiwa Spika amruhusu auondoe muswada wake.

Bunge likalipuka kwa kicheko. Walidhani amewajua, kwamba mwanamke huyu wa Kiafrika ni mjanja kuliko wote waliotangulia na sasa anawarudishia utani wao. Walipiga meza, walipiga makofi. Spika, huku anafuta machozi ya kucheka, aliuliza kama kuna anayepinga ombi. Nani apinge? Akapiga nyundo. Ubao ukazimika. Wakamgeukia dada wote, wakingoja acheke.

Dada alikusanya karatasi zake, akafunga kifungo cha koti, akateremka njia ya katikati taratibu mpaka mlangoni, akatoka. Kicheko kilikufa kwa mafungu, kona hii, kisha kona ile.

Kwenye gari baba alikaa mbele. Tulikuwa tumeshaingia barabara kuu aliposema, "Umetoka vizuri."

"Asante, baba."

"Hukuomba. Watu wazima wale wote wanakucheka, na hukuomba. Nimekuona."

Machozi yalimtoka dada mpaka shingoni, na alikuwa anatabasamu. Alikuwa amengoja neno hilo tangu utotoni, na alikuwa amelilipia kwa vitanda vyetu. Nilikaa nyuma nikatazama visogo vyao viwili vilivyofanana, na niliwachukia wote wawili sawasawa.

Kesho yake yule mzee wa tai ya kipepeo alikuja nyumbani na maua. Dada hakumkaribisha sebuleni alikokuwa baba. Alimzungusha kupitia gereji, na mimi nilikuwa mle gerejini natoa nguo kwenye mashine, kwa hiyo nilisikia yote. Yule mzee alikuwa hajalala. Alieleza desturi yao tangu mwanzo, akasema wamemtania kwa sababu wanampenda, kwamba yeye mwenyewe zamani walimtesa hivyo kwa muswada wa mbwa wa kuwinda. Alisema ni rahisi sana kurekebisha. Kesho dada asimame aseme neno moja, kwamba anaurudisha, na utapita palepale kwa kura zote, na makofi. Bila neno lake hakuna mwingine atakayeugusa, kwa heshima, na kikao kinakaribia kufungwa.

Dada alimshukuru, akapokea maua, akamsindikiza. Aliporudi alisimama mbele ya mashine ya kufulia.

"Baba asijue."

"Asijue nini?"

"Kwamba ilikuwa joke. Aki-find out walikuwa wanatania tu, mimi nitakuwa nani? Nime-withdraw kwa ajili ya nini?"

"Dada, kesho unasema neno moja."

"Na yeye atauliza limerudi vipi. Hujui nyumba yetu wewe?"

"Mimi nina kwako pa kulala. Wenzangu je?"

"Mwakani," alisema. "Nitaupeleka mwakani." Maua aliyatupa kwenye pipa la nje, ili mzee asiulize yametoka wapi.

Baba alikaa zaidi ya mwaka, na kila mgeni aliyekuja kumwamkia alipewa hadithi ile. Alieleza jinsi binti yake alivyokataliwa na bunge zima la Wazungu na asiombe. Aliieleza vizuri, akiigiza na nyundo ya Spika kwa kugonga mkono wa kiti. Na wageni wote walijua. Kufikia Jumapili ya kwanza Watanzania wote, wa kanisani na wa msikitini, walikuwa wamekwisha kupata habari kwamba ulikuwa mchezo wa kumkaribisha mgeni. Lakini nani atamwambia mzee wa watu? Walimkazia macho, wakatikisa vichwa, wakasema, "Hongera, mzee, umelea." Kisha wakishuka ngazi za mbele walikuwa wanacheka kabla hawajafungua milango ya magari yao. Mimi niliwasikia kwa sababu dirisha la besimenti lilikuwa usawa wa viatu vyao. Heshima yetu iko hivyo. Tunaitoa kwa mikono miwili, kisha tunacheka.

Januari iliyofuata yule bwana mzee wa rafiki yangu Mkenya alifariki. Rafiki yangu walimtoa siku ile ile, kwa maneno ya shukrani kama niliyopewa mimi. Angeweza kuja kwetu, lakini aliona haya, besimenti yenyewe ilikuwa na kitanda kimoja, akalala ndani ya gari lake nyuma ya kanisa dogo alikokuwa anaimba kwaya. Petroli ya kuendeshea hita ya gari ilipoisha aliendelea kulala. Baridi ikamla miguu, na hospitalini wakamkata vidole viwili.

Dada alikwenda kumwona. Hilo nampa. Alikwenda na supu, akamfungua bandeji mwenyewe, akasafisha kidonda kwa mikono ile ya kiuguzi ambayo sijaona iliyoizidi kwa upole.

"Mheshimiwa," Mkenya wangu alimwuliza, "ile bill yetu inarudi lini?"

"Tunalishughulikia, my dear."

"Kwa sababu hata wengine huko nje wanafukuzwa tu vile nilifukuzwa."

"Najua. Tunalishughulikia." Aliendelea kuzungusha bandeji, mzunguko kwa mzunguko, safi kabisa, na mikono yake haikusita. Nilikuwa nimesimama kwenye kona nimeshika bakuli la supu, na nilitamani kulimwaga kichwani mwake.

Kikao kile kikaisha bila muswada. Agosti baba akafa, usingizini, kwenye chumba kizuri cha juu. Mimi ndiye niliyemkuta, mimi ndiye niliyemfunga kidevu. Dada alimpeleka Same akamzika kwa heshima zote, na kaburini, nilivyosimuliwa, mchungaji aliirudia hadithi ya bunge na watu wakalia.

Niliacha matanga yaishe. Niliacha arudi, apumzike, aanze tena kuvaa saa yake. Kisha siku moja tukiwa jikoni tunachambua mchele nilimwambia, "Sasa mzee hayupo. Rudisha muswada."

Hakuinua uso. "Nirudi mbele yao niseme nini? Kwamba muda wote huu sikuelewa utani?"

"Ndiyo. Useme hivyo hivyo."

"Watanicheka."

"Watakupigia makofi, dada. Tayari wanaona aibu. Wanangoja neno moja."

"Wewe ulikuwa unaomba hata kwa mzee," alisema. "Ulikuwa unashika miguu ya meza unaomba. Nilikuwa naona aibu kwa ajili yako." Akasukuma sinia la mchele upande wangu akaondoka.

Nilihama wiki ile. Nilipata bibi mwingine wa kulea, Takoma Park tena, na sikuaga. Kisha nilimtafuta yule mzee wa tai ya kipepeo. Nilimwambia kwamba rafiki yangu hana vidole viwili vya mguu, na kwamba heshima anayompa dada yangu ya kutougusa muswada wake inalaza watu kwenye magari. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema atauleta kwa jina lake mwenyewe. Nilikwenda tena mbele ya kamati, safari hii na koti langu. Mkenya wangu alikuja na fimbo yake, akavua kiatu mbele yao bila kuombwa.

Siku ya kura tulikaa juu mahali palepale. Hakukuwa na utani, mzee yule hakuwa mgeni. Spika akafungua kura na taa zikawaka kijani, safu kwa safu, mpaka nikaanza kulia. Rafiki yangu alinishika mkono.

"Kuna moja red," alisema. "Hapo chini. Ni nani huyo?"

Nilisoma. Lilikuwa jina la baba yetu, maana dada hakuolewa na alilichukua jina la baba mpaka bungeni. Taa nyekundu kando ya jina la baba, peke yake.

Nilimngoja kwenye korido. Alikuja na mafaili yake kifuani, akaniona, hakugeuka.

"Kwa nini?"

"Shauri nililifuta," alisema. "Lililofutwa halirudi. Ningebonyeza nini?"

Alisema kama mtu anayemfundisha mtoto kusoma saa. Sikuona ukatili usoni mwake, na hilo ndilo lililonitisha. Alikuwa mtulivu, mnyoofu, amejiridhisha. Tulikuwa tumemzika mzee mwaka uliotangulia, na huyu hapa amesimama mbele yangu na mkoba wa mkononi. Kutoka dakika hiyo sikumwonea huruma tena.

Sheria ilianza kufanya kazi vuli ile. Bibi yangu alipofariki nilikaa mwezi wangu wote mle ndani, na watoto wake walinuna, nami nikanuna nao, nikila chakula changu mezani kwao.

Ukaja uchaguzi wa mchujo, ambao kwa wilaya zetu ndio uchaguzi wenyewe, kwa sababu mshindi wake hana wa kumzuia mbele. Dada alikuwa na mpinzani, kijana wa kanisa moja kubwa, hana sifa yoyote isipokuwa meno mazuri. Lakini watu wake walikuwa wameipekua rekodi ya kura za dada, na walitoa kipeperushi chenye picha ya ule ubao, kijani tupu na doa moja jekundu, na chini yake maneno ya kwamba mheshimiwa amewapigia kura ya hapana wanawake wanaowaosha mama zenu. Walihitaji watu wa kukigawa siku ya kura. Walipouliza nani atasimama kwenye shule iliyo jirani na nyumba ya mheshimiwa, anakopigia kura yeye mwenyewe, nilinyoosha mkono. Mkenya wangu aliniambia, "Wacha, huyo ni damu yako." Nilimwambia aangalie mguu wake.

Nilisimama pale tangu asubuhi, nje ya mstari uliochorwa chini kuwazuia wapiga kampeni, pamoja na wagawaji wa wagombea wengine. Wapiga kura walinijua wengine. Watanzania wawili waliopata uraia karibuni walipita wakijifanya kutazama angani. Wazee wa Kimarekani walichukua karatasi, wakasoma wakitembea, na niliona migongo yao ikikaza. Dada alishindwa siku ile, vibaya, na baada ya hapo hakugombea tena kitu chochote. Lakini asubuhi ile alikuwa bado hajashindwa.

Alikuja katikati ya asubuhi, suti ya kitenge, lemba, na msaidizi nyuma yake. Akawa anapita kwenye safu yetu ya wagawaji kama wagombea wote wanavyofanya, anashika mkono wa kila mtu, wake na wa wapinzani, anawashukuru kwa kujitokeza. Nilikuwa wa mwisho. Alipofika kwangu alisimama, na mkono wake uliokuwa umenyooka ulibaki hewani. Sikuupa mkono wangu. Niliupa karatasi.

Aliisoma. Aliisoma yote, juu mpaka chini, kisha akaigeuza akasoma na nyuma, bila haraka, huku nyuma yake mstari wa wapiga kura ukirefuka na msaidizi wake akikohoa. Nilimwona akitafuta kosa. Tarehe, jina, namba ya muswada, alizipitia zote kwa kidole.

"Hakuna uongo humu," alisema.

"Hakuna."

Alitikisa kichwa kukubali, akanyoosha ile karatasi mahali ilipokuwa imekunjika, akanirudishia kwa mikono miwili. Nikaipokea, nikampa mama aliyekuwa nyuma yake.